Mwigizaji Tuliyemzika Mara Nyingi Kaloleni

Yule mwigizaji wa Kiingereza alikufa mara nyingi sana katika holi ya mtaa wetu wa Kaloleni, na kila mara tulimlilia kana kwamba ndiyo mara ya kwanza. Alikufa kwa kifua kikuu, akikohoa kwenye leso nyeupe huku mchumba wake akifika amechelewa, kama ilivyo desturi ya wachumba wa sinema. Alianguka ngazini. Alizama mtoni. Aliwahi kutiliwa sumu na dada yake wa tumbo moja, na wanawake wa mtaa wetu walikaa wiki nzima wakiwatazama dada zao kwa jicho la pembeni. Kisha Ijumaa nyingine mwenye mashine ya sinema alikuja na mikebe yake, taa zikazimwa, na yeye huyo hapo, mzima wa afya, na kofia mpya kichwani.

Miaka ya sabini ilikuwa inaelekea mwisho, na holi ndiyo iliyokuwa sebule ya mtaa mzima. Nyumba zetu za baraza la jiji zilitosha kulala, si kuburudika. Ijumaa kulikuwa na sinema, na siku nyingine televisheni ya mtaa, nyeusi na nyeupe, iliyokaa ndani ya sanduku la mbao lenye kufuli. Mwenye ufunguo aliheshimiwa kuliko diwani.

Filamu zenyewe hazikufuata miaka. Zilitufikia zimechakaa, zimekatwakatwa, na bila mpangilio wowote. Ijumaa hii mwigizaji wetu alikuwa ajuza mwenye mkongojo, Ijumaa ijayo msichana wa miguu myembamba anayeimba akiendesha baiskeli. Vijana walidai hao ni wazungu tofauti, ila wazungu wote wanafanana. Mama yangu hakukubali hata kidogo. Alimjua kwa tabia moja: kila alipotaka kusema jambo zito, aliinua kidevu na kugeuza uso kando kidogo, kana kwamba kuna mtu amemwita kutoka jikoni.

"Tazameni kidevu," Mama alisema. "Nguo zitawadanganya."

Kwa kidevu hicho alimpanga mwanamke yule kichwani mwake tangu mwanzo hadi mwisho. Kwanza binti wa baiskeli, kisha bi harusi wa mwanajeshi, mama wa watoto watundu, mjane, malkia, mke wa jaji. Mwisho kabisa, katika mchezo uliokuja kwenye televisheni kila Jumamosi jioni, alikuwa mzee mwenye nyumba ya kupangisha katika mji fulani wa mvua, anayejitia katika mambo ya kila mpangaji. Kwa ajili ya mchezo huo tulimwita Shangazi. Hatukuwa na haja ya jina lingine.

Wakati huo nilikuwa nasomea kupiga taipu mjini na ulimi wangu ulikuwa umeanza kuwa mrefu. Siku moja nilimuuliza Mama anapata faida gani kumfuata mzungu asiyemjua.

"Faida?" alisema. "Alianza akiwa msichana, sasa ana mvi, na hakuna aliyemwambia basi, kaa chini."

Nilijua anasema nini. Mama alikuwa amepita arobaini. Asubuhi alisaidia katika shule ya chekechea ya mtaa, na tangu nikiwa mdogo aliigiza katika michezo ya kanisa. Huko siku zote alipewa mwanamke mbaya, kwa sababu wake wa wazee wa kanisa walikuwa wameshajigawia wanawake wema wote. Aliupokea ubaya huo na kuufanyia kazi mpaka watu wakawa wanaogopa kukutana naye sokoni siku ya pili. Kuigiza ndicho kitu pekee nilichowahi kumwona akikitaka kwa ajili yake mwenyewe, si kwa ajili yetu.

Basi mtu wa televisheni akaja holini siku ya mchezo wa kanisa, akamwona, akamwita. Mtaa mzima ulijua kabla ya Baba kurudi kutoka kazini relini. Mchezo wenyewe ulikuwa wa Kiswahili, wa jioni moja tu. Mama alikuwa mjane mwenye shamba. Anaugua, anakufa katikati ya mchezo, na sehemu yote iliyobaki analala ndani ya jeneza huku wanawe wakigombania shamba mbele ya maiti. Alituambia jeneza lilinuka vanishi na kwamba alikaribia kupiga chafya wakati mtoto wake wa kwanza anatukanwa.

Usiku wa kuonyeshwa, holi ilijaa hadi madirishani. Mama alipokata roho, kijana mmoja alipiga kelele, "Manze, mathe amededi!" na Mama mwenyewe, aliyekuwa ameketi benchi la mbele na kitambaa chake kizuri, akageuka akamwambia, "Nyamaza, tunataka kusikia." Sijawahi kumwona na furaha kama ile. Wiki hiyohiyo mtu wa televisheni alituma habari: kuna mchezo mwingine, wa sehemu nyingi safari hii, na anamtaka. Mazoezi yangeanza Jumatatu, wiki mbili baadaye.

Siku chache baadaye, asubuhi, tulisikia kilio.

Kilianzia barabarani, upande wa reli, kikaja kikipanda kati ya nyumba. Mtu wa kwetu, magharibi huko, akisikia kilio cha namna ile hahitaji kuambiwa ni cha nini. Milango ilifunguka. Nyanya yangu, mama yake baba, alikuwa mbele, khanga imefungwa kiunoni, mikono kichwani, akimwita mke wa mwanawe kwa sifa zake zote, hata ambazo hakuwahi kumpa akiwa naye uso kwa uso. Nyuma yake walikuja baba zangu wadogo wawili, wamebeba mkeka na kuku. Walikuwa wamesafiri kwa treni usiku kucha.

Mama alikuwa ameketi mlangoni akimsuka jirani, kitana ameking'ata kwa meno.

Nyanya alisimama. Kilio kilikatika katikati ya sifa. Mama aliinuka, akatoa kitana mdomoni, akasema kwa adabu, "Karibu, mama. Shikamoo."

"Usinisogelee!" Nyanya alisema, na akaketi chini palepale kwenye kokoto.

Lililotokea ni hili. Mdogo wa wale baba zangu wawili alikuwa akifanya kazi katika mji ulio karibu na kwetu huko magharibi, na jioni mchezo ulipoonyeshwa alikuwa amepita baa. Baa ilikuwa na televisheni juu ya rafu, na kelele za walevi zilizima sauti yote. Aliinua macho akamwona shemeji yake ndani ya jeneza. Akaona watu wanamlilia. Halafu picha ikaondoka, muziki wa huzuni ukapigwa, na majina yakaanza kupanda kwenye kioo taratibu: la kwanza la Mama, na chini yake orodha ndefu ya majina ya watu. Sasa, sisi tulikua tukisikiliza matangazo ya vifo ya redio. Kila siku watu waliacha ugali upoe ili wasikie ni nani ameondoka: kwanza jina la marehemu, halafu watoto, ndugu na wakwe, na kila mmoja anafanya kazi wapi. Baba mdogo aliona tu kwamba serikali imeendelea, siku hizi vifo vinatangazwa pamoja na picha. Hakumaliza hata chupa yake.

Leo nikisimulia hili watu hucheka hadi wanajifuta machozi. Mimi pia nacheka. Lakini nilimwona nyanya yangu akitetemeka kwenye zile kokoto, na hapakuwa na la kuchekesha.

Mtu aliyeliliwa akiwa hai hasalimiwi hivihivi kwetu. Nyanya aliamuru Mama asiingie ndani wala asimshike mtu mpaka yule kuku waliyekuja naye achinjwe, na kila aliyelia njiani aonje nyama yake. Mzee mmoja wa kanisa, jirani yetu, alisema huo ni ushenzi na akapendekeza maombi. Nyanya alimwambia aombe, hakuna aliyemkataza, ila asimame mbali na sufuria. Kwa hiyo Mama aliketi kwenye kigoda nusu ya siku, nje ya nyumba yake mwenyewe, wapita njia wakimpa pole na hongera kwa pamoja. Kuku alipoliwa, Nyanya aliinuka, akamshika Mama mabega, akamgusa mashavu, akamkandakanda mikono kama mtu anayechagua viazi, na ndipo alipolia kilio cha kweli. Nilidhani mambo yamekwisha.

Jioni, kabla ya kwenda kulala kwa jirani, kwa kuwa mama halali nyumba moja na mwanawe aliyeoa, Nyanya alikata shauri.

"Haya mambo ya televisheni yameishia hapa," alisema.

"Mama," Baba alianza, "ule ulikuwa mchezo tu."

"Najua ni mchezo. Unadhani mimi ni mjinga? Hata sisi tulikuwa na waigizaji kabla ya hao wazungu wenu. Lakini lisemwalo lipo, na kama halipo laja. Huyu amelala ndani ya jeneza, amefunikwa, ameliliwa. Kifo kimeitwa kwa jina lake. Kitajuaje kwamba mlikuwa mnacheza? Nimezika mabinti wawili. Huyu ndiye binti aliyebaki wa kunizika mimi. Ndani ya ile treni nilikuwa najiuliza nitazikwa na nani."

Mama alisema, "Nimesikia, mama," akaanza kukusanya sahani. Baba aliangalia sakafu. Na mimi nilipandwa na hasira kali, si kwa Nyanya, bali kwa Baba, aliyeweza kubishana na msimamizi wake wa reli hadi nguo zichanike lakini mbele ya mama yake alikuwa kama mtoto aliyekojoa kitandani. Siku zilizofuata nilimkabili jikoni. Nilimwambia aseme kitu. Aliniambia maneno ya mama hayajibiwi. Akakaa hivyo juma zima, mdomo umefungwa, na Jumatatu inasogea.

Mama hakubishana na hakulia. Alimwendea mwenye mashine ya sinema, akamuuliza ana filamu gani Ijumaa. Kisha akamwambia Nyanya, kwa upole kabisa, kwamba kabla ya kurudi nyumbani aende holini apumzishe macho. Alituonya sote, nyumbani na mtaani, na mimi akanionya mara mbili kwa kunibana sikio: mtu asimweleze Nyanya lolote kuhusu Shangazi. Asimwonyeshe. Aone mwenyewe.

Ijumaa Nyanya aliketi benchi la mbele, kati yangu na Mama. Ilikuwa ile filamu ya kifua kikuu. Shangazi alikuwa binti mbichi, shingo ndefu, akicheka sana mwanzoni ili tuumie zaidi mwishoni. Nyanya hakujua Kiingereza lakini aliifuata vizuri kuliko mimi. Alimshuku mchumba kabla sijamshuku. Kikohozi kilipoanza, alisema kwa sauti, "Huyo mpeni maziwa ya moto," na holi nzima ikaitika. Binti aliinua kidevu, akageuza uso kando, akasema neno lake la mwisho, akafa. Wakamtia ndani ya jeneza, wakamfunika kwa maua, na kengele ya kanisa ikapigwa.

Nyanya alilia. Kisha akajifuta, akamgeukia Mama.

"Umenileta nije nione hili? Binti mdogo vile, wanamlaza ndani ya sanduku. Mama yake alikuwa wapi?"

Nilihisi tumeharibu. Maji yakimwagika hayazoleki, nilijiambia, na nilikuwa na hakika kwamba Jumatatu mwanamke mwingine atasimama mahali pa mama yangu.

Jumamosi jioni kufuli la sanduku lilifunguliwa. Nyanya alikuja shingo upande, akaketi, akaanza kumweleza jirani habari za mahindi ya kwetu. Mchezo ukaanza. Mvua, barabara ya mawe, nyumba ya ghorofa. Mlango ukafunguka, akatoka mzee wa mvi na aproni, akamkuta mpangaji mmoja anaingia na mwanamke asiye wake. Aliweka ndoo chini. Akainua kidevu. Akageuza uso kando.

Nyanya alikatiza habari za mahindi.

Alisogea mbele kwenye benchi. Nilimwona akimtazama yule mzee anavyopanda ngazi, anavyoshika kitasa, anavyonyamaza kabla ya kutukana. Mama alikuwa ameshika ukingo wa benchi kwa mikono yote miwili, na hakugeuka. Holi ilikuwa inamcheka mpangaji. Nyanya hakucheka.

"Si huyu tuliyemzika jana?" aliuliza hatimaye.

"Ndiye, mama," Mama alisema.

"Yule binti wa kifua."

"Ndiye. Ile ya jana ni ya zamani sana."

"Amekufa mara ile moja tu?"

Basi holi nzima, iliyokuwa imekatazwa kwa juma zima, ikafunguka. Huyu akasema alizama mtoni. Yule akasema si mtoni tu, hata ngazini. Mwingine akaleta habari za sumu na dada, na hapo ukazuka ubishi, kwa sababu wengine walidai sumu haikumuua bali ilimpofusha tu. Mwenye ufunguo alitishia kufunga sanduku. Nyanya aliwasikiliza wote, akimtazama yule mzee wa kwenye kioo, ambaye sasa alikuwa amejimiminia chai na kuketi kwa kujishikilia kiuno.

"Huyu ni rika langu," Nyanya alisema polepole. "Tazama anavyoketi. Magoti yanamsumbua kama mimi. Wamekiita kifo kwa jina lake tangu akiwa msichana. Wamekiita na kukiita. Na bado yupo, anagombana na wapangaji."

Kisha alianza kucheka. Alicheka taratibu, mabega yakitikisika, halafu kwa sauti, mpaka khanga ikamteleza kichwani, na wanawake wa nyuma wakacheka bila kujua wanachekea nini. Ningeweza kumbusu yule mzee wa Kiingereza kwenye kioo, pamoja na aproni yake na magoti yake mabovu. Mama bado hakuachia benchi.

Nyanya hakutoa neno usiku ule, wala asubuhi yake kanisani. Aliliacha hadi Jumapili jioni, tulipokuwa tumesimama stesheni, mizigo imeshapandishwa na baba zangu wadogo wameshagombania dirisha. Alimvuta Mama kando, lakini wazee wa kwetu hawajui kunong'ona, na sote tulisikia.

"Nenda kafe," alimwambia. "Kafe huko televisheni kwao kadiri watakavyo. Ila kila ukifa niletee habari mapema, nisilie bure, kuku wangu wataisha. Na uzeeke. Unanisikia? Uzeeke vizuri, uje unizike."

"Nimesikia, mama," Mama alisema, maneno yaleyale ya juma lile lote, lakini safari hii sauti ilikatika.

Treni ilipoondoka Mama aliketi kwenye benchi la stesheni, akafunika uso kwa leso, akalia na kucheka kwa pamoja, na sikujua nimshike au nimwache. Baba alisimama mbele yake, kofia mkononi. Alikohoa. Kisha, kwa mara ya kwanza tangu mama yake atoe lile katazo, akalitaja jambo lenyewe: alimuuliza mkewe mazoezi yanaanza saa ngapi kesho, ili aombe ruhusa kazini ampeleke.